Aliyeenda Korti Sio Adui Yako

Kila mradi ukikwama huku kwetu, iwe ni soko, daraja la kijijini ama wadi ya akina mama, kuanzia Isebania mpaka Mbita, jibu ni lile lile: "Kuna mtu ameenda korti." Mheshimiwa analisema kwa matanga akiwa ameshika maiki, watu wanaguna, na jioni hilo neno limeshafika kwa simu zetu. Komenti mia tatu. "Adui wa maendeleo." "Huyo ametumwa." "Jina lake ni nani tumtembelee?" Na mimi nikisoma hizo komenti najiuliza, wasee, kuna hata mmoja wetu amesoma huyo jamaa alilalamikia nini?

Leo nasimama na huyo jamaa. Najua nitachapwa, na ni sawa. Nichape tu ukiwa umemaliza kusoma.

Kwanza, mara nyingi hajaenda korti. Ameenda kwa Bodi ya Mapitio ya Ununuzi wa Umma, ile wengi wanaita PPARB, huko Nairobi. Kazi yake ni kumsikiliza mtu anayesema: niliomba hii kazi ya serikali, nikanyimwa, na naona sheria ilivunjwa. Sheria yenyewe ni ya 2015, na kipengele kilichoizaa kiko kwenye Katiba, ibara ya 227, inayosema ununuzi wa umma uwe wa haki, wa wazi, wa ushindani na usiopoteza pesa. Huyo mlalamishi ana siku 14 tangu apate barua ama tangu kosa litokee. Akichelewa siku moja, mlango umefungwa, hata kama ana haki kubwa kama Gwassi Hills. Bodi nayo ina siku 21 za kuamua. Asiyeridhika anaenda Mahakama Kuu ndani ya siku 14, na Mahakama Kuu ina siku 45. Bado hujaridhika? Siku 7 za kwenda Mahakama ya Rufaa, nayo ina siku 45. Basi, imeisha.

Toa simu upige hesabu. Ni siku 146. Haifiki hata miezi mitano, na hiyo ni kama kila mtu amekalia kila siku aliyopewa mpaka dakika ya mwisho. Kesi ikiishia kwa Bodi, ni wiki tano tangu barua itoke. Na kati ya hizo tano, mbili za kwanza zingekuwepo hata bila kesi, kwa sababu sheria inakataza kaunti kusaini mkataba kabla ya siku 14 kupita. Kwa hivyo yule "adui wa maendeleo" amekuchelewesha wiki tatu. Umewahi kungoja wiki tatu ukarabati wa choo cha shule? Ulingoja miaka.

Na usidhani hizo siku ni za kuandikwa tu. Mwaka 2021 kulikuwa na mvutano kuhusu kazi ya ushauri wa ujenzi ya Tume ya Huduma za Bunge, kampuni ya Aprim Consultants ikiwa ndani. Mahakama ya Rufaa ikasema wazi kwamba zile siku 45 ni 45. Mahakama Kuu ikizipitisha, haina tena nguvu ya kuamua, na uamuzi wa Bodi unabaki ulivyo. Yaani hata jaji anawekewa saa mezani. Niambie kesi gani nyingine hii Kenya ina spidi hiyo.

Niwe mkweli pia. Kuna kesi za ardhi ambako mradi unajengwa, kuna kesi za makandarasi wanaodai malipo, na hizo zinaweza kuzeeka mpaka mawakili wapate mvi. Na Bodi ikiamuru tathmini irudiwe, duru mpya inaweza kuzaa malalamiko mapya, na saa inaanza upya. Lakini mtu akikuambia mradi umelala miaka miwili kwa sababu ya "korti ya tenda", muulize nambari ya kesi. Maamuzi ya Bodi yanawekwa kwenye intaneti, na yale ya mahakama yako kwa tovuti ya Kenya Law, bure. Kama kesi iko, itaonekana. Kama haionekani, omera, umedanganywa mchana kweupe.

Ukitaka kujua miradi inakufa vipi, tazama makao makuu ya kaunti tano ambayo serikali ya kitaifa iliahidi kusaidia kujenga: Isiolo, Lamu, Nyandarua, Tana River na Tharaka Nithi. Mpango ulianza katikati ya muongo uliopita. Miaka ikapita, na majengo yakabaki nusu nusu. Shida ilikuwa pesa kuja kwa matone, kontrakta kutoka kwa mjengo, kontrakta kurudi. Huwezi kumlaumu mlalamishi wa siku 21 kwa hayo.

Halafu kuna madeni. Kufikia Juni 2024, kaunti zote kwa jumla zilikuwa na madeni ambayo hayajalipwa ya zaidi ya shilingi bilioni 180, kwa hesabu za Mdhibiti wa Bajeti. Hiyo ndiyo sababu fundi wako alitoweka. Mtu amejenga, hajalipwa, benki inampigia simu, lori limechukuliwa. Lakini hilo halisemwi kwa matanga, kwa sababu jibu lake litamrudia aliyeshika maiki. Kusema "kuna mtu ameenda korti" ni rahisi. Mtu huyo hayuko pale, hana maiki, na mara nyingi ni mtu wa kaunti hii hii ambaye kesho atataka tenda nyingine, kwa hivyo atanyamaza.

Sasa twende kwa jambo linaloniuma zaidi.

Sisi tunapenda kesi za ufisadi. Zile za watu wa EACC kubisha lango saa kumi na moja asubuhi, kamera ziko, mtu mkubwa anatoka na ndala. Tunazisambaza, tunacheka, tunaweka muziki. Lakini angalia saa. Migori hapa, Okoth Obado alikuwa gavana kuanzia 2013 hadi 2022. Agosti 2020 alishtakiwa katika mahakama ya ufisadi, kesi ya takriban shilingi milioni 73.4, na madai yalikuwa kwamba pesa za kaunti zilizolipwa kwa kampuni zenye tenda zilizunguka zikarudi kwa watu wake. Alikana mashtaka. Sitaki kumhukumu hapa, si kazi yangu. Naangalia kalenda peke yake. Tenda zilizozungumziwa ni za muhula wake wa kwanza. Mashtaka yamekuja 2020. Mwaka 2025 kesi bado ilikuwa inazungumziwa, safari hii kwa upande wa makubaliano ya kurudisha mali. Mtoto aliyezaliwa Suna wakati tenda ya kwanza inatolewa alikuwa amefika darasa la sita.

Hiyo ndiyo njia tunayoishangilia. Inakuja pesa zikiwa zimeshaondoka, barabara ikiwa imeshachimbika, na hata ikifaulu, lami hairudi.

Lile lalamiko la tenda linafanya kazi upande wa pili wa saa. Linakuja kabla ya mkataba kusainiwa. Likiwasilishwa tu, ununuzi wote unasimama pale pale, sheria inasema hivyo. Hakuna shilingi imetoka. Hakuna mtu anahitaji kukamatwa. Halafu kuna kitu kinachotokea ambacho hakitokei mahali pengine popote: Bodi inaiambia kaunti ilete karatasi. Ripoti ya kamati ya tathmini. Nani alipata alama ngapi. Nani alitolewa na kwa nini. Wewe ukiomba hizo karatasi kama mwananchi, utaambiwa ofisa ametoka, rudi Alhamisi, andika barua, barua imepotea. Bodi ikiomba, zinapatikana, maana wiki tatu ni wiki tatu.

Na watu walio ndani wanajua. Kamati ya tathmini ikijua kwamba mmoja kati ya watu sita walioomba kazi ana ujasiri wa kupeleka lalamiko, itaandika ripoti yake kwa mkono mwingine. Ikijua kwamba hakuna atakayethubutu, kwa sababu atatukanwa mpaka na majirani, itaandika inavyotaka. Kwa hivyo matusi yako ya komenti yana bei. Unawalinda wasioguswa bila hata kulipwa.

Wacha niwape mfano wa namna watu wanavyofagiliwa, maana wengi mnadhani ufisadi wa tenda ni bahasha ya kaki tu. Bahasha ipo. Lakini silaha ya kila siku ni ukurasa.

Sheria ya 2015 inataka mwenye kuomba tenda aweke nambari kwa kila ukurasa wa makaratasi yake, mfululizo. Ukiiangalia ni kitu kizuri: hakuna mtu atachomoa ukurasa wako usiku ama kuingiza mwingine. Ilikuwa ni kukulinda wewe. Sasa ndiyo inakutoa. Rafiki yangu mmoja, tulikuwa naye chuo kabla mimi niachie njiani, alifungua kampuni ya ujenzi na wenzake wawili. Wamesajiliwa NCA 8, daraja la chini kabisa kwa Mamlaka ya Ujenzi ya Kitaifa. Waliomba kazi ya vyoo kwa taasisi moja ya umma ambayo sitaitaja. Kurasa mia moja na kitu. Walilala kwa saiba siku mbili: kuskani, kupiga muhuri, kuandika nambari kwa biki. Cheti kimoja kilikuwa kimechapwa pande zote mbili, na upande wa nyuma ukakosa nambari. Wakatolewa hapo hapo, hatua ya kwanza, bei yao haikusomwa hata. Aliyepewa kazi alikuwa juu yao kwa pesa nyingi.

Mtaniambia sheria ni sheria. Nakubali. Kama wote walipimwa kwa ukurasa, hakuna shida, afunge mkanda aombe tena. Lakini swali ambalo lalamiko linauliza ni hili: na yule aliyeshinda, kurasa zake zote zina nambari? Cheti chake cha kodi kilikuwa hai siku ile? Zile mashine alizosema anazo, ni zake ama ni picha za mashine za mtu mwingine? Mara nyingi mchezo hauko kwa sheria kuwa kali. Mchezo ni kwamba sheria ni kali kwa watano na ni mto wa kulalia kwa mmoja. Na kitu hicho hukioni ukiwa nje. Unakiona tu karatasi zote zikiwa kwa meza moja.

Na barua waliyopata? Mistari mitatu. "Zabuni yenu haikukidhi vigezo." Basi. Sheria inataka waliokosa waandikiwe kwamba wamekosa, waambiwe nani ameshinda, na wapewe sababu. Rafiki yangu hakujua. Alipiga simu ofisini, akaambiwa pole pole, tutawajibu. Aliponipigia mimi, kwa sababu ati mimi naongea sana mtandaoni, ilikuwa siku ya 16. Kumbuka ile namba niliyosema hapo juu. Ile "pole pole" si upole. Ni saa inayohesabiwa.

Kuna ujanja mwingine wa kuangalia. Mtu akilalamika, ghafla ununuzi wote unafutwa: "hatuna bajeti", ama "mahitaji yamebadilika". Miezi miwili baadaye tangazo lile lile linarudi na kigezo kimoja kipya kinachomtosha mtu mmoja kama suti ya kushonesha. Hata hapo sheria imeweka kizingiti. Kufuta tenda lazima kuwe na sababu zilizotajwa kwenye sheria, walioomba waandikiwe sababu hizo, na ripoti iende kwa mamlaka inayosimamia ununuzi ndani ya siku 14. Kaunti ikifuta ovyo, Bodi inaweza kuingilia. Lakini nani ataipeleka huko, kama aliyepeleka mara ya kwanza tulimtafutia jina na picha ya mke wake?

Najua mnachotaka kusema. Kuna watu wanafanya malalamiko kuwa biashara. Mtu anaomba tenda akijua hawezi kuifanya, anakosa, anapeleka lalamiko, halafu anampigia mshindi: "Tuongee." Akipewa kitu, lalamiko linaondolewa. Wapo. Nisingekuwa na akili nikikataa. Lakini sheria imewawekea dawa: Bodi ikiona lalamiko ni la upuzi ama la kuchelewesha tu, inaweza kulitupa na kumtoza gharama. Mahakama ya Rufaa nayo, kwenye kesi ya Betoyo Contractors mwaka 2019, ilisema haitoshi kuwa uliomba tenda. Lazima uonyeshe umepata hasara, ama uko kwa hatari ya kuipata, kwa sababu sheria ilivunjwa. Mlango una kitasa. Si kila mpita njia anaingia.

Na hata tukisema wachache wa hao wanapenya, hesabu bado iko upande wangu. Mlaghai mmoja akikuchelewesha wiki tatu, umepoteza wiki tatu. Tenda moja ya uongo ikipita, umepoteza daraja.

Shida yangu na huo mlango iko mahali pengine kabisa. Ni nani ana pesa za kuufikia. Mwaka 2020 zilitoka kanuni za kutekeleza hiyo sheria, na ndani yake kulikuwa na sharti kwamba ukitaka kulalamika uweke amana ya asilimia 15 ya bei uliyoomba. Fikiria. Umeomba kazi ya milioni 10, umenyimwa, unahisi umeonewa, halafu uambiwe weka milioni moja na nusu kwanza ndio usikilizwe. Ndani ya siku 14. Hiyo milioni na nusu unaitoa wapi, Oyugis? Makandarasi wenyewe walienda kortini kupinga hilo sharti, na korti ikalisimamisha. Ona sasa: wale wale "watu wa korti" ndio walikufungulia mlango wewe mwenye kampuni ya watu watatu. Hukuwashukuru. Hukujua hata.

Lakini amana ikitolewa, bado kuna wakili. Bado kuna ada. Siku hizi, tangu corona, Bodi inapokea makaratasi kwa barua pepe na kusikiliza kwa mtandao, kwa hivyo nauli ya kulala kwa basi kutoka Migori mpaka Nairobi imepungua. Ni hatua. Lakini mwenye kampuni kubwa ana wakili anayemlipa kwa mwezi. Mwenye NCA 8 ana binamu anayesomea sheria mwaka wa pili. Ndiyo maana ukisoma hayo maamuzi unakutana zaidi na mikoko ya mamilioni mengi, na kazi ndogo ndogo, zile za kalvati na madarasa, zile zetu, zinapita kimya kabisa. Huko ndiko kunaliwa bila kelele.

Na hizo ndogo ndizo tuliahidiwa. Sheria inataka angalau asilimia 30 ya tenda zitengewe vijana, wanawake na watu wenye ulemavu, ule mpango wa AGPO ulioanza 2013. Kwa kampuni ya vijana, angalau asilimia 70 ya wenye kampuni wawe vijana na uongozi wote uwe wa vijana. Kaunti pia inatakiwa itenge angalau asilimia 20 kwa wakazi wake. Kwa AGPO hata dhamana ya benki huitishwi, unajaza fomu ya kuahidi tu. Kwenye karatasi, sisi tunabebwa mgongoni. Kwenye barabara, wote tunajua kampuni ya "vijana" ambayo kijana wake kazi yake ni kusaini, na mzee wa miaka hamsini na tano ndiye anakuja kuangalia kokoto na gari kubwa. Kijana anapewa elfu ishirini na soda.

Nani atalisema hilo? Mkaguzi Mkuu wa Hesabu atalisema, lakini baada ya mwaka wa fedha kuisha. Polisi? Tafadhali. Mtu wa kwanza anayejua kwamba kampuni iliyoshinda ni ya uongo ni kijana mwingine aliyeomba kazi ile ile akakosa. Anawajua. Walisoma pamoja. Anajua huyo "mkurugenzi" hajawahi kushika sepeto. Ana ushahidi na ana siku 14. Halafu anafungua simu, anaona vile tulimfanya yule wa mwisho, anaizima.

Hapa naomba nitoke nje kidogo. Juni 1, 2025, Homa Bay iliandaa sherehe za kitaifa za Madaraka, kwenye Raila Odinga Stadium. Sisi sote tulikuwa na fahari. Mimi nilitengeneza video nne. Ukitafuta kwenye hizo video zetu zote, zangu zikiwemo, swali la nani alipewa kazi gani, kwa bei gani na kwa njia gani halikuulizwa. Sisemi kulikuwa na kitu kibaya. Nasema hatukuuliza, kwa sababu uwanja uliisha, na kwetu kitu kikiisha hakina maswali. Tunauliza kikikwama tu, na tukiuliza tunamuuliza mtu asiye sahihi.

Wengine wenu mmeniandikia kwamba hii yote itatatuliwa na mfumo wa kielektroniki. Mwaka 2025 Hazina ya Kitaifa iliamua tenda zote za serikali zipitie huko, magavana wakapinga, na mambo yakafika wapi? Kortini, hehe. Mimi naunga mkono mfumo. Kompyuta haipotezi faili na haiendi chai. Lakini kompyuta itakuambia saa ngapi karatasi iliingia. Haitakuambia kwamba mwenye kampuni ni shemeji ya mtu. Hiyo itabaki kazi ya mtu mwenye hasira halali na siku 14.

Kuna mfano mmoja nataka uubebe, hata kama si wa ujenzi. Zile laptopu za darasa la kwanza mnazikumbuka? Tenda ya mabilioni, kampuni ya Olive Telecommunication ikapewa. Walioshindwa wakalalamika, na Februari 2014 Bodi ikaifuta. Ahadi kubwa kuliko zote za serikali mpya, rais akiwa ameiimba kampeni nzima, na baraza dogo likasema hapana, rudieni. Watu walikasirika. Watoto walichelewa, ni kweli, vifaa vilikuja baadaye kabisa vikiwa tableti. Gharama ilikuwepo na siifichi. Lakini fikiria nchi ambapo hakuna mtu angeweza kusema hiyo hapana. Kabla ya 2001 hakukuwa na bodi ya aina hiyo Kenya. Ulikuwa ukinyimwa tenda unaenda kumtafuta mtu anayemjua mtu.

Kwa hivyo mheshimiwa akija tena na "kuna mtu ameenda korti", tufanye hivi. Mtu mmoja wenu ainue mkono, kwa heshima kabisa, tuko kwa matanga, aulize mambo matatu: lalamiko ni nambari gani, liliwasilishwa tarehe gani, na Bodi ilisema nini. Basi. Mrekodi jibu mnitumie, nitaweka.

Na wewe mwenye kampuni ya watu watatu, uliyepata barua ya mistari mitatu wiki hii, acha kuweka "Mungu yupo" kwa status. Angalia tarehe ya barua. Hesabu. Andika leo kwa afisa mhasibu wa ofisi hiyo, kwa kaunti kwa kawaida ni afisa mkuu wa idara husika. Sema unaomba sababu za zabuni yako kukataliwa, jina la aliyeshinda, na muhtasari wa tathmini, kwa sababu sheria inakuruhusu kuuomba. Tuma kwa barua pepe ibaki na saa, halafu peleka nakala kwa mkono igongwe muhuri wa kupokelewa. Wakikuambia pole pole, wewe endelea kuhesabu. Usingoje jibu mpaka siku ya 13. Na ukiamua kupeleka lalamiko, hakikisha umemtaja afisa mhasibu na mshindi wa tenda, maana mlango huo unafungwa hata kwa jina kukosekana.

Kurasa uweke nambari. Pande zote mbili.